Mama yu mahututi, mdogo wangu yuko rumande: tufanyeje amwone?

Ndugu washauri,

Salamu kwenu. Mamangu ana miaka 61. Figo zake zimefeli, amekuwa akisafishwa damu mara mbili kwa wiki tangu mwaka jana, na juma lililopita alipatwa na kiharusi akiwa bado kwenye mashine. Sasa amelazwa wodi ya wagonjwa mahututi katika hospitali moja hapa Pwani. Daktari alituita pembeni, mimi na mjomba, akasema kama kuna jamaa aliye mbali aitwe sasa.

Jamaa tunayemtaka hayuko mbali. Ni mdogo wangu, kitinda mimba wa mama, ana miaka 24, na yuko rumande mwezi wa nne huu. Alikuwa muuzaji katika duka la jumla. Mali ilipopungua stoo akashtakiwa kwa wizi wa mtumishi. Alikana. Hakimu alimpa bondi ya Sh500,000 na mdhamini mmoja wa kiasi hicho hicho, au dhamana ya pesa taslimu Sh200,000. Wakati ule kila shilingi ilikuwa inaingia kwenye matibabu ya mama, tukamwambia avumilie kidogo. Kidogo imekuwa miezi minne.

Nilikwenda gerezani nikaomba aachiliwe siku mbili tu amwone mama, halafu mimi mwenyewe nimrudishe. Afisa akaniambia hana uwezo huo, niende korti. Kortini karani akafungua faili, akasema kesi itatajwa baada ya wiki tano, nirudi siku hiyo. Wiki tano mama hana.

Tumechanga jamaa wote tukafika Sh70,000. Tuna shamba la ekari mbili, lakini hati miliki ingali kwa jina la babu, ambaye ni marehemu. Nje ya korti kuna mtu alinifuata akasema kwa Sh35,000 ataniletea mdhamini mwenye hati miliki kesho asubuhi. Binamu yetu naye anashikilia kwamba njia fupi ni kijana abadilishe jibu lake, akubali kosa, atozwe faini atoke.

La mwisho: mama hajui. Tulimwambia kijana amepata kazi Lamu. Kuna saa huzinduka, na akizinduka humuulizia yeye. Nifanyeje?

Dada Mkubwa, Mtwapa

JIBU

Dada yetu, pole sana kwa kuuguza. Tuanze na la haraka: usisubiri hizo wiki tano. Faili ya mdogo wako inaweza kufikishwa mbele ya hakimu kabla ya tarehe ya kutajwa, mradi kuna maombi yaliyowasilishwa rasmi yakiandamana na cheti cha udharura, yaani karatasi inayoeleza kwa nini jambo haliwezi kungoja. Karani alisoma tarehe aliyoiona kwenye faili. Hukuwa na karatasi yoyote ya kumfanya aseme vingine, na kazi yako ya siku mbili hizi ni kuitengeneza karatasi hiyo.

Afisa wa gereza naye alikwambia kweli. Mahabusu hawekwi rumande kwa uamuzi wa gereza. Anawekwa kwa hati ya korti inayomwamuru mkuu wa gereza amhifadhi mpaka tarehe fulani. Akimtoa bila amri nyingine ya korti hiyo, atakayejibu ni yeye. Kwa hiyo usipoteze siku nyingine langoni pale, isipokuwa kwa jambo moja tutakalokueleza mbele.

Sasa sikiliza vizuri hapa, kwa sababu ndipo maombi mengi ya aina hii yanapoangukia. Usiende kumwambia hakimu "aachiliwe siku mbili halafu nitamrudisha". Hakimu akisikia hivyo anajiuliza swali moja: huyu mtu anaaminika akiwa peke yake au haaminiki? Kama anaaminika siku mbili bila askari, basi anaaminika mpaka kesi iishe, na dawa yake ni dhamana anayoweza kuilipa. Kama haaminiki, hatoki hata saa mbili bila askari wa magereza, na dawa yake ni ziara chini ya ulinzi. Ombi lako limekaa katikati, na hakimu hana mahali pa kuliweka. Omba yote mawili kwa mfuatano: kwanza masharti ya dhamana yalegezwe, na kama korti haitakubali hilo, basi apelekwe hospitalini akiwa na askari kwa siku na saa zinazotajwa.

Kwa ombi la kwanza mko mahali pazuri kuliko unavyodhani. Kifungu cha 49(1)(h) cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinampa mshukiwa haki ya kuachiliwa kwa dhamana au bondi kwa masharti yanayofaa, isipokuwa kuwe na sababu nzito za kumzuia. Hakimu ameshaamua kwamba kwa mdogo wako sababu hizo hazipo, ndiyo maana alimpa bondi. Kinachomweka ndani miezi minne ni pesa peke yake. Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kifungu cha 123(2), inasema kiasi cha dhamana kisiwe cha kupita kiasi na kizingatie hali ya kesi yenyewe. Hali imebadilika tangu siku ile: mama ni mahututi, familia imekwisha kifedha, na kijana ameonekana hawezi kutimiza masharti aliyopewa. Hayo matatu ndiyo ya kusimamia. Usiingie katika ubishi wa kama aliiba au hakuiba. Hiyo ni kazi ya siku ya kusikizwa kwa kesi, na ukiianza leo utampa kiongozi wa mashtaka nafasi ya kuanza kusimulia ushahidi wake.

Taja kiasi. Maneno "kiasi ambacho korti itaona kinafaa" yanaweza kuleta Sh150,000, na mtarudi nyumbani mikono mitupu. Mna Sh70,000, na hospitali bado inadai. Ombeni Sh50,000 taslimu, na muonyeshe kwa nini: risiti za kusafishwa damu, bili ya wodi hadi leo, majina ya waliochanga. Hakimu akiona risiti za miezi kadhaa zimepangwa kwa tarehe, anaelewa pesa zilienda wapi bila wewe kulia mbele yake.

Pia mpeni kitu cha kumtuliza. Jitoleeni wenyewe: atalala nyumba fulani Mtwapa, ataripoti kituo cha polisi kilicho karibu kila Jumatatu, hatakanyaga duka lile wala kuzungumza na mashahidi, na mjomba atakuwa mtu wa kuwasiliana naye, kitambulisho chake na nambari ya simu vimeambatishwa. Masharti yanayotoka kwa familia huwa na uzito, maana yanaonyesha mmekaa mkafikiri.

Lugha isikutishe. Katika korti za mahakimu Kiswahili ni lugha halali ya korti sawa na Kiingereza, kwa mujibu wa kifungu cha 198 cha sheria hiyo hiyo. Sehemu ya maombi yenyewe inaweza kuandikwa hivi, chini ya nambari ya kesi na jina la mshtakiwa:

"Mshtakiwa anaomba: (1) Maombi haya yasikizwe kwa dharura kabla ya tarehe ya kutajwa kwa kesi. (2) Masharti ya dhamana yabadilishwe, aachiliwe kwa dhamana ya pesa taslimu Sh50,000 na masharti mengine yaliyotajwa katika hati ya kiapo. (3) Ikiwa ombi la pili halitakubaliwa, korti imwamuru mkuu wa gereza ampeleke mshtakiwa chini ya ulinzi kumwona mamake mzazi, aliyelazwa katika hospitali iliyotajwa, siku ya … kati ya saa … na saa …; au, mama akifariki kabla ya siku hiyo, ampeleke kuhudhuria mazishi yake."

Tunajua hayo maneno ya mwisho yanachoma. Yaandike hata hivyo. Kama ninyi ni Waislamu, mama akifariki alfajiri huenda azikwe adhuhuri, na hakuna korti itakayowahi kuitwa, kusikiza na kuandika amri mpya kati ya saa hizo. Amri iliyotaja mazishi tangu mwanzo, nakala yake ikiwa tayari ofisini kwa mkuu wa gereza, ndiyo pekee inayoweza kufanya kazi siku hiyo.

Maombi huandamana na hati ya kiapo. Iape wewe, kwa kuwa wewe ndiye unayeyajua ya hospitalini. Iape mbele ya kamishna wa viapo, na kila karatasi unayoitegemea ibandikwe nyuma ikiwa na alama na muhuri wake. Lakini mwombaji ni kijana, na usipokuwa wakili huwezi kusimama kumsemea. Kwa hiyo ombeni pia aletwe kortini siku ya maombi au aunganishwe kwa video kutoka gerezani, njia ambayo korti zetu zimekuwa zikiitumia sana tangu 2020. Maombi yakisikizwa yeye hayupo, mara nyingi huahirishwa kwa sababu hiyo tu. Mahabusu anaruhusiwa kujieleza kwa mdomo pia, kwa hiyo mfikishieni maneno mapema ayajue: kiasi mnachoweza, nyumba atakayolala, jina la hospitali.

Barua ya daktari ndiyo moyo wa jambo lote, na ndiyo hukosewa zaidi. Karatasi iliyoandikwa "mgonjwa huyu amelazwa kwetu" haitoshi. Barua iwe kwenye karatasi yenye nembo ya hospitali, ya tarehe isiyozidi siku mbili au tatu nyuma, iandikwe kwa korti ikitaja nambari ya kesi. Itaje jina la mama kama lilivyo kwenye kitambulisho chake na nambari yake ya kulazwa. Iseme ugonjwa ni upi, hali yake leo, kama anazinduka na kutambua watu, na maoni ya daktari kuhusu muda: siku, au wiki. Iseme saa za kuona wagonjwa katika wodi ile. Iishe na jina la daktari, nambari yake ya usajili katika Baraza la Madaktari na Madaktari wa Meno, sahihi na muhuri. Daktari anaweza kusita kwa sababu ya siri ya mgonjwa. Mwambie familia inaridhia, nawe utatia sahihi ya ridhaa kama jamaa wa karibu. Omba nakala mbili zenye sahihi ya wino. Moja itabaki na wewe, kwa sababu kiongozi wa mashtaka ana haki ya kuithibitisha, na akipiga simu wodini akaambiwa "hatumjui" kwa kuwa jina limeandikwa vingine, mmekwisha.

Na majina ndiyo shimo lenyewe. Chukua cheti cha kuzaliwa cha mdogo wako ukilinganishe na kitambulisho cha mama, herufi kwa herufi. Huku kwetu ni kawaida mama kuwa Mwanasiti Ali kwenye kitambulisho, Siti Ali kwenye cheti cha mtoto, na Mama fulani kwenye faili ya hospitali. Kwa jirani ni mtu mmoja. Kwa korti ni wanawake watatu. Dawa yake ni hati ya kiapo fupi inayosema majina hayo yote ni ya mtu mmoja, pamoja na barua ya chifu. Fanya hilo leo, maana chifu akiwa kwenye mkutano kesho hutampata.

Ukishakuwa na barua, vyeti na viapo, nenda kortini asubuhi. Maombi siku hizi huingizwa kwa mfumo wa mtandaoni wa Idara ya Mahakama, na kama huna wakili, dawati la huduma kwa umma kortini au saiba iliyo karibu watakuonyesha. Usidhani kuingiza mtandaoni kumemaliza kazi. Rudi kwa karani na nambari ya maombi, umwombe faili ipelekwe kwa hakimu siku hiyo hiyo kwa kuwa kuna cheti cha udharura. Kama hakimu wa kesi yuko likizo, omba ipelekwe kwa hakimu wa zamu. Nakala moja mpelekee kiongozi wa mashtaka katika ofisi yake, akugongee muhuri wa kupokea. Zungumza naye kwa heshima, umwonyeshe barua ya daktari. Ombi ambalo upande wa mashtaka haulipingi huchukua dakika chache. Ombi alilolipata kwa mshangao hupewa tarehe nyingine ili akajibu, na tarehe nyingine ndiyo msiyoiweza.

Hakimu anaweza kutaka ripoti ya afisa wa probesheni kuhusu familia kabla ya kuamua. Muombe iwe ya siku mbili, siyo wiki mbili, na umwone afisa huyo jioni ile ile. Atampigia chifu na mzee wa mtaa, kwa hiyo wajulishe wote wawili mapema. Mzee wa mtaa akishtukizwa na simu, hujibu "nitaangalia".

Msaada wa wakili si lazima ulipiwe. Iko Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoundwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016, na magerezani wamo mahabusu na wafungwa waliofunzwa kuandika maombi kama haya. Ndilo jambo moja la kurudi gerezani: mwone afisa wa ustawi, mwambie hali ya mama, mwachie nakala ya barua ya daktari. Anaweza kumsaidia kijana kutia sahihi karatasi zake, na pia kumruhusu apige simu. Simu iliyowekwa sikioni mwa mama saa aliyozinduka si kitu kidogo. Iombeni leo, bila kungoja korti.

Kuhusu mdhamini wa kukodi, tunakukataza kabisa, dada. Mdhamini huapa kwamba anamjua mshtakiwa na kwamba mali ni yake. Mtu wa Sh35,000 hamjui mdogo wako, na mara nyingi hati yenyewe ni ya bandia au imetumika katika kesi nyingine tatu. Ikigunduliwa, dhamana inavunjwa na kijana anarudi ndani, safari hii akiwa na doa la udanganyifu ambalo litamfuata kila atakapoomba tena. Nawe uliyempeleka unaweza kushtakiwa. Hata asipogunduliwa, kifungu cha 128 cha Sura ya 75 kinamruhusu mdhamini kuomba ajitoe wakati wowote, na akijitoa mshtakiwa hukamatwa mpaka apatikane mwingine. Fikiria mdhamini wa kukodi atakavyoutumia mlango huo mwezi ujao, akitaka Sh35,000 nyingine.

Shamba la babu haliwezi kuwekwa kama dhamana mpaka mirathi ifanywe na hati ibadilishwe jina. Liacheni kwa sasa. Lakini angalieni ndani ya ukoo: mwalimu au muuguzi mwenye hati za mishahara za miezi mitatu na barua ya mwajiri, au mwenye gari ambaye logibuku iko kwa jina lake. Hao ni wadhamini wa kweli, na wakijitokeza wawili mnaweza kuomba korti iwakubali kwa pamoja badala ya mmoja wa Sh500,000. Mwenye ardhi huhitaji hati miliki halisi, cheti cha utafutaji rasmi cha hivi karibuni, ripoti ya tathmini, kitambulisho, nambari ya PIN ya KRA na picha za pasipoti, na kama ana mwenzi wa ndoa, ridhaa yake. Kukusanya hayo huchukua siku nyingi. Ndiyo sababu tunasisitiza pesa taslimu kidogo.

Binamu yenu anawapenda, ila ushauri wake ni wa hatari. Wizi wa mtumishi, kifungu cha 281 cha Kanuni ya Adhabu, una kifungo cha hadi miaka 7. Hakuna aliyemwahidi faini. Hakimu anaweza kuagiza ripoti ya probesheni kabla ya hukumu, na wiki mbili zipite kijana akiwa bado ndani, sasa akiwa na hatia aliyoikiri mwenyewe na ambayo rufaa yake ni nyembamba mno. Kama hakufanya, asikubali kwa ajili ya kitanda cha mama.

Maombi yakikubaliwa, lipeni dhamana kupitia akaunti rasmi ya Idara ya Mahakama kwa ankara mtakayopewa kortini, kamwe si kwa simu ya mtu binafsi, hata awe karani mnayemjua kwa jina. Risiti iandikwe jina la mtu atakayebaki nayo mpaka kesi iishe, kwa maana pesa hurudishwa kwa jina lililo kwenye risiti, iwe kijana ameshinda au ameshindwa, alimradi alihudhuria kila tarehe. Halafu fuatilia amri ya kuachiliwa mpaka ifike gerezani. Hapa familia nyingi hulala zikidhani mambo yamekwisha. Amri iliyotiwa sahihi Ijumaa saa tisa alasiri inaweza kumkuta mwenye muhuri ameondoka, na kijana akalala ndani mpaka Jumatatu. Jaribuni malipo yakamilike kabla ya saa sita mchana. Na muulizeni mapema kama ana kesi nyingine au hati ya kukamatwa popote, hata ya trafiki. Gereza huangalia, na likiikuta halimfungulii.

Akitoka, tarehe za korti hazisimami kwa msiba. Siku ya kesi ikigongana na mazishi, wewe au mjomba mfike kortini asubuhi na barua ya hospitali au kibali cha mazishi, mwombe iahirishwe. Asipofika bila taarifa, hati ya kukamatwa hutolewa na Sh50,000 zinaweza kutaifishwa.

Hakimu akikataa yote mawili, mlango wa Mahakama Kuu uko wazi bila kungoja kesi iishe: kifungu cha 123(3) cha Sura ya 75 kinaipa uwezo wa kuagiza dhamana au kupunguza ile iliyowekwa. Chukueni nakala ya uamuzi wa hakimu siku hiyo hiyo, ndiyo kitu cha kwanza watakachoulizia. Na kwa wasomaji ambao jamaa yao ameshahukumiwa, njia ni nyingine na ni nyembamba zaidi: dhamana wakati wa rufaa chini ya kifungu cha 357 cha sheria hiyo hiyo, ambayo hudai rufaa yenyewe iwe na uzito mkubwa, au kuiomba Mahakama Kuu ipitie upya adhabu, hasa kifungo kikiwa hakizidi miaka mitatu, ili kinachobaki kiwe huduma ya jamii. Ugonjwa wa mzazi huongeza uzito katika maombi hayo; peke yake haufungui mlango.

Ikibaki ziara ya ulinzi, jiandaeni inavyokuwa. Atakuja na askari wa magereza wawili au zaidi, wenye sare, na pingu. Hawatapita nyumbani, hawatangoja shangazi anayetoka Malindi, na saa iliyoandikwa ndiyo saa. Zungumza na muuguzi mkuu wa wodi siku moja kabla akubali kwa maandishi, kwa sababu wodi ya mahututi huingiza mtu mmoja au wawili kwa dakika chache, na askari hawatamwacha aingie peke yake. Tumewahi kusikia ziara zilizoishia mlangoni kwa kukosa karatasi hiyo tu. Muulize mkuu wa gereza kuhusu gari na mafuta mapema, ili kesho yake usiambiwe gari halipo. Saa ya ziara msiitume kwenye kundi la WhatsApp la ukoo: watu thelathini wakijaa ukumbini, kiongozi wa msafara ana haki ya kugeuza gari.

Hapo ndipo linakuja swali lako la mama. Akija kwa dhamana, akiwa na kanzu yake, mnaweza kuamua wenyewe mtamwambia lini. Akija na askari, mama lazima awe anajua kabla. Mtu aliyetoka katika kiharusi akifumbua macho akaona pingu mkononi mwa mwanawe atadhani amekamatwa sasa hivi, mbele yake, na hofu hiyo inaweza kumpandisha presha. Muulize daktari ni saa ngapi za siku huwa na nguvu zaidi. Mama aambiwe na mtu mmoja tu, yule ambaye yeye humsikiliza bila kubisha. Kwa ulivyoandika, tunadhani ni mjomba. Maneno yawe machache: kijana hayuko Lamu, kuna kesi ya dukani haijaamuliwa, amekana, yu mzima, na anakuja kukuona. Kisha umwombe kiongozi wa askari, kabla hawajaingia, wamfungue mkono mmoja pale kitandani ili amshike mama. Hawalazimiki kukubali, lakini wengi wao hukubali wakiombwa vizuri. Wakikataa, tandika leso juu ya mikono miwili ya kijana na mkono wa mama.